UFUNGUO WA BANKI YA INCHI
Maneno yaliyosemwa mbele ya mkutano wa wafanyakazi na wenyeji wa mji



Leo tutasema habari ya feza. Si habari ya mshahara mdogo ao mkubwa, maana hiyo mnaijua kunipita. Tutasema habari ya noti yenyewe: nani anaipiga chapa, na nani anaweza kumwamuru apige nyingine. Kapita akikuongezea faranga mia, na siku ile ile noti zikapigwa bila hesabu, hukuongezewa kitu.

Zamani banki hii haikuwa yetu. Banque du Congo Belge ilianzishwa mwaka 1909, na mwaka 1911 ikapewa ruhusa ya kutoa noti. Kwa amri ya mwaka 1951 Wabelgiji wakaunda Banki Kuu ya Congo Belge na Ruanda-Urundi. Mchimba shaba wa Élisabethville alipokea noti zao, lakini hakuulizwa neno.

Uhuru ulikuja tarehe 30 Juni 1960. Banki Nasionali ya Congo iliundwa kwa sheria ya mwaka 1961, ikaanza kazi mwaka 1964, na gavana wake wa kwanza alikuwa Albert Ndele. Hata Katanga ilipojitenga, upesi ilipiga faranga zake mwaka 1961. Kila mwenye kutaka kutawala anatafuta kwanza mashini ya noti.

Wengi walisema: sasa banki imetoka mkononi mwa mgeni, kazi imekwisha. Lakini, ndugu zangu, uhuru wa banki ni wa namna mbili. Wa kwanza ni kuwa huru mbele ya mgeni. Wa pili ni kuwa huru mbele ya mkubwa wetu wenyewe. Ule wa pili ndio mgumu.

Sikieni namna mambo yanavyokwenda. Serikali inakusanya kodi, inatumia. Ikitumia kupita kodi, inapaswa kukopa. Mwenye feza atauliza: utanilipa lini? Lakini banki ya inchi, kama gavana wake ni mtu wa kuitwa na kufukuzwa kwa neno moja, haiulizi. Inapiga noti. Noti zinaongezeka, magunia ya unga hayaongezeki. Anayepokea noti za kwanza ananunua kwa bei ya jana. Mfanyakazi anayengoja mwisho wa mwezi ananunua kwa bei ya kesho. Huo ni ushuru juu ya maskini, nao haukupigiwa kura na bunge lolote.

Yalitupata sisi. Mwaka 1967 zaire moja ilichukua nafasi ya faranga 1,000, nayo ilikuwa sawa na dola 2 za Marekani. Mwaka 1978 Mfuko wa Feza wa Dunia, FMI, ulimtuma Erwin Blumenthal aingie katika uongozi wa Banki ya Zaire. Alitoka Ujerumani, inchi ambayo mwaka 1923 noti zake ziligeuka karatasi tupu, na ambayo kwa sheria ya mwaka 1957 iliikataza serikali kuamuru banki yake kuu. Hapa kwetu alikuta mlango wa banki uko wazi kwa watu wa Mobutu. Hakudumu, mwaka 1979 alikwenda zake. Katika ripoti yake ya mwaka 1982 aliwaonya waliokopesha Zaire wasitumaini kulipwa.

Kisha shaba ya Gécamines ikaanguka, na kodi yake ikaanguka nayo. Matumizi ya wakubwa hayakuanguka. Wakageukia mashini. Mwisho wa mwaka 1992 ikatoka noti ya zaire milioni 5. Wenye maduka waliikataa. Januari 1993 askari waliolipwa kwa noti hiyo wakachafua Kinshasa, na watu wengi wakafa.

Oktoba 1993 ikaja zaire mpya, moja kwa milioni 3 za zamani. Watu wa Kasai waliikataa, wakaendelea na noti zao kuukuu mpaka mwaka 1998. Tazameni hekima yao: noti za zamani hazikupigwa tena, basi bei kwao zilipanda polepole kuliko kwingine. Hawakuwa na gavana wala sheria. Walijua tu kwamba feza ni salama pale ambapo mkubwa hawezi kuiongeza usiku.

Mwaka 1998 faranga ikarudi, moja kwa zaire mpya 100,000. Pigeni hesabu. Faranga moja ilimeza zaire bilioni 300 za mwaka 1967. Akiba ya baba zetu iliishia humo.

Mwaka 2000 bei zilipanda zaidi ya asilimia 500. Mwaka 2001 serikali ilikubali kutumia kile tu inachokusanya, na bei zikaanza kutulia. Sheria ya kuipa banki uhuru ilifuata Mei 2002, na Katiba ya mwaka 2006, kifungu cha 176, ikasema vilevile. Basi tendo lilitangulia karatasi. Karatasi bila tendo haizuii mkono wa mtu.

Wengine watauliza: gavana hatukumpigia kura, kwa nini tumpe nguvu? Swali hilo ni la haki. Tulitawaliwa miaka mingi na watu ambao hatukuwachagua. Jibu ni hili: afungwe na sheria inayosema kazi yake ni kulinda bei, atoe hesabu mbele ya bunge, na hesabu hizo zisomwe na kila mtu. Awe huru kukataa amri ya mkubwa, asiwe huru kuficha vitabu. Na tusimwombe asichoweza: banki haichimbi shaba, wala haijengi shule.

Leo katika masoko yetu watu wengi wanahesabu kwa dola. Wanasema bila kufungua kinywa kwamba hawajasahau. Heshima ya faranga haitarudi kwa hotuba. Itarudi siku mkubwa atakapobisha mlango wa banki, aambiwe hapana, na kesho yake gavana akutwe bado kwenye kiti chake.

Ndugu, mkidai mshahara, daini pia hesabu za banki. Mshahara usio na noti ya kweli ni maji ndani ya kikapu.