Rufaa Peke Yake Haisimamishi Hukumu

Ndugu wakimbizi, hapa Uganda mwenzetu akishindwa kesi ya kiwanja au duka husema, "Nimekata rufaa," halafu analala usingizi. Hapo ndipo wengi wanapotolewa nje na vyombo vyao. Kwa Amri ya 43, kanuni ya 4, rufaa haizuii hukumu kutekelezwa. Ni lazima uombe kwa maandishi isimamishwe, na uombe bila kukawia.

Korti itataka kujua utapata hasara gani kubwa. Usiseme "nitaumia" tu. Eleza: nyumba ikibomolewa leo, nikishinda rufaa nitarudishiwa nini? Tena utadaiwa dhamana, nayo ndiyo inayotushinda. Usijifiche kwa ajili hiyo. Chukua nakala ya hukumu, umwone wakili wa msaada wiki hiyo hiyo.