Dirisha la Wakati: Sanamu Ambayo Maskati Haijaijenga

(Mada iliyosomwa mbele ya baraza ya Waswahili, Maskati)



Nimepewa dakika chache niseme juu ya kumbukumbu za watu wetu. Mimi ni nesi, si mwanahistoria, kwa hivyo nitasema ninayoyaona kazini. Ila nitaanzia barabarani.

Maskati ni mji unaopenda sanamu kubwa. Pale Riyam kuna chetezo kikubwa juu ya kilima. Karibu na Al Bustan kimewekwa chombo Sohar, kilichosafiri kutoka hapa hadi Canton, Uchina, mwaka 1980 na 1981. Njia ya uwanja wa ndege kuna mnara wa saa, Burj al Sahwa. Safari ya baharini imepata heshima yake. Safari ambayo sisi Waswahili tumeisafiri sana bado haijapata, nayo ni ile ya kurudi nyuma katika wakati kwa kupitia dirisha la ofisi.

Basi niifikirieni sanamu yake. Dirisha la shaba, refu kama nyumba ya ghorofa tatu. Mbele yake foleni ya watu wa mawe: mwenye kilemba, mwenye buibui, kijana mwenye suruali. Kila mmoja ameshika karatasi ya mwaka wake. Ndani amekaa karani na muhuri wake, na kila aliyetoka jana anaambiwa: rudi kesho.

Mnacheka, lakini foleni hiyo wazee wetu wameisimama. Dola huru ya Zanzibar ya tarehe 10 Disemba 1963 ilidumu siku 33 tu. Baada ya 12 Januari 1964, aliyekimbia na pasi yake alikuwa ameshika karatasi ya dola isiyokuwepo tena. Sikuja kufungua mjadala wa Mapinduzi, kila nyumba humu ina yake. Nasema juu ya karatasi tu. Sultan Qaboos aliposhika nchi tarehe 23 Julai 1970 na kuwaita Waomani walio nje warudi, waliotoka Zanzibar na bara walitakiwa waonyeshe asili: kabila gani, kijiji gani, babu nani, na mara nyingi sheikh wa kabila awashuhudie. Mtu aliyezaliwa Ng'ambo, ambaye Omani hajapata kuiona, ilimbidi asafiri hadi kwa babu wa babu yake, arudi na jina, ndipo apate pasi ya leo.

Mtasema hayo yamepita. Mimi nayakuta wodini.

Fungueni mafaili ya wazee wetu, mtaona wangapi wamezaliwa Januari mosi. Si ajabu ya Mungu hiyo. Fomu ilitaka siku na mwezi, mzee hakuwa navyo, karani akaandika. Na mwaka nao mara nyingi ni wa kukisia. Wengine walihesabu umri kwa Hijria, ambayo mwaka wake ni mfupi kwa siku 11 hivi, kwa hivyo mzee wa miaka 70 ya Hijria ana kama 68 ya Miladia.

Kuna ubaya gani? Tuseme bibi kwenye karatasi ana miaka 80, kumbe ana 88. Dawa kadhaa, zikiwamo baadhi ya antibiotiki na za kuzuia damu kuganda, kipimo chake hutegemea nguvu ya figo, na hesabu moja tunayoitumia sana huanza kwa kutoa umri katika 140. Kwa karatasi inabaki 60, kwa ukweli inabaki 52. Maana yake figo za bibi zinaonekana zina nguvu kwa asilimia 15 zaidi ya zilivyo, na dawa huweza kumzidi. Karani aliyekisia miaka ile hakumwona bibi huyu kitandani, lakini mkono wake umefika.

Sasa, tarehe inaweza kutafutwa. Wanaohesabu watu hutumia kalenda ya matukio, na sisi tunayo yetu: mgomo wa Unguja wa 1948, Vita vya Ng'ombe vya 1951, kifo cha Sayyid Khalifa mwaka 1960, fujo za uchaguzi za Juni 1961. Bibi akikwambia, "Vita vya Ng'ombe nimeshavunja ungo," basi hakuzaliwa 1946 hata kama pasi inasema hivyo. Sentensi moja ya bibi imeishinda fomu.

Nitajibiwa kwamba ofisi ikikubali miaka ya "takriban" itafungua mlango wa udanganyifu, mtu ajiongezee umri kwa ajili ya pensheni. Hoja hiyo ina uzito. Lakini Januari mosi nayo ni takriban, ila imevishwa nguo ya uhakika. Kukisia kulikoandikwa kuwa ni kukisia, pamoja na tukio lililotumika, mtu mwengine anaweza kukukagua. Kukisia kulikofichwa hakukaguliki.

Kwa hivyo nina maombi mawili. La kwanza ni kwa wenye fomu, hapa Omani na nyumbani Tanzania: wekeni nafasi ya neno "takriban", na hospitali ziione. La pili ni kwetu. Nyaraka za Taifa zipo Kilimani, Unguja, na Omani iliunda mamlaka yake ya nyaraka mwaka 2007. Lakini mwaka aliozaliwa bibi yako huenda umo kichwani mwa dada yake tu, na huyo dada naye ni mtu mzima. Mkae naye wiki hii. Muulizeni alikuwa na umri gani kwenye mgomo, nani alizaliwa kabla yake, nani baada yake. Andikeni, na mkienda hospitali mje na karatasi hiyo, mumpe nesi au daktari kabla dawa haijaandikwa.

Sanamu ikijengwa siku moja, itakuwa kheri. Foleni hii haingojei sanamu.