Kesi ya shamba la kukodi ikishaamuliwa, unaweza kurudi kortini?



Nimeombwa niongee juu ya jambo moja tu, na ni jambo linalowamaliza watu pesa. Mkulima amekodi shamba, amegombana na mwenye shamba, wamefika kortini, ameshindwa. Miaka mitatu baadaye anakuja mtu anamwambia: changeni pesa, tufungue kesi nyingine, mara hii tutashinda. Sasa kabla hujatoa hata shilingi, jiulize: korti itakusikiliza kweli?

Jibu liko katika kifungu cha 7 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai, Sura ya 21. Kwa lugha yetu, kinasema korti isisikilize kesi ikiwa jambo lake kuu lilikuwa katika kesi ya kwanza, kati ya watu wale wale au wanaodai kupitia kwao, mbele ya korti yenye mamlaka, na likasikizwa na kuamuliwa likaisha. Mawakili wanaiita res judicata. Mambo hayo yote lazima yawepo pamoja. Likikosekana moja, mlango bado uko wazi.

Shikeni hayo maneno, "wanaodai kupitia kwao". Huku kwetu mashamba ya kahawa yanakatwa ploti kila siku. Mwenye shamba akiuza, mnunuzi amenunua na ile hukumu pia. Kama korti ilisema mpangaji ana haki ya kulima mpaka muda wake uishe, mnunuzi hawezi kuja na kesi mpya akisema mimi sikuwepo. Na mtoto wa mpangaji aliyeshindwa hawezi kuanza upya kwa sababu eti jina kwenye karatasi sasa ni lake.

Wengine wanabadilisha nguo ya kesi. Ya kwanza ilikuwa ya mkataba, ya pili wanaiita ya Katiba, wanaongeza na jina la ofisi fulani ya serikali. Mwaka 2021 Mahakama ya Juu, katika kesi ya John Florence Maritime Services, ilisema kanuni hii inashika hata kesi za Katiba. Kwa hiyo huyo anayekuambia "tutapitia Katiba" muulize vizuri, na umuulize kabla ya mchango, si baada.

Lakini linaloumiza zaidi ni hili. Sheria haizuii tu yale uliyosema. Inazuia pia yale uliyopaswa kuyasema ukanyamaza. Tuseme umekodi ekari mbili kule Gatuanyaga kwa miaka mitano, umelipa yote, mkaandikiana. Hamkuenda bodi ya ardhi. Sheria ya Udhibiti wa Ardhi, Sura ya 302, inataka kibali cha bodi kwa shamba la kilimo lililo katika eneo la udhibiti, hata likiwa ni la kukodisha tu, si kuuza. Bila kibali mkataba ni batili. Unafukuzwa, unaenda kortini kudai shamba, unashindwa kwa sababu hiyo. Sheria hiyo hiyo, nayo pia kifungu chake cha 7, ilikupa ruhusa ya kudai pesa ulizolipa. Wewe hukudai, ulitaka shamba tu. Ukirudi baadaye na kesi ya pesa, wakili wa upande wa pili atasimama aseme: hili lilikuwa la kuletwa siku ile. Na ana nguvu. Ndiyo maana nawaambia, siku ya kwanza andika yote: nataka shamba, na kama shamba haliwezekani nataka pesa zangu, na mimea yangu iliyolimwa juu ilipwe.

Sasa upande wa matumaini. Si kila kesi iliyotupwa imeamuliwa. Kama ilifutwa kwa kasoro ya makaratasi, au ilipelekwa korti isiyo na mamlaka, hiyo haikusikizwa. Kama mlikosa kufika nyote wawili ikatupwa, Agizo la 12 linakuruhusu kufungua nyingine, mradi muda wa kisheria haujapita. Lakini kama mwenzako alifika na wewe ulikosa, huruhusiwi kufungua mpya. Unarudi katika ile ile, unaomba uamuzi uondolewe, unaeleza kwa nini hukufika. Siku moja ya kutofika, na kwa nini? Mtu alikuwa sokoni!

Na kosa jipya ni kesi mpya. Korti ikiamua juu ya kodi ya msimu uliopita, haijaamua juu ya ng'ombe walioingizwa kwenye mahindi yako msimu huu. Ila kama ilishasema wewe si mpangaji pale, neno hilo linakufuata kila msimu.

Wazee hapa wataniuliza habari za mabaraza. Sheria namba 18 ya 1990 iliunda mabaraza ya mizozo ya ardhi. Yaliruhusiwa kuamua mipaka, haki ya kukaa au kulima shamba, na mtu kuingilia ardhi ya mwingine. Mwaka 2011 yakafutwa, ikaja Korti ya Mazingira na Ardhi. Uamuzi wa baraza ulipelekwa kwa hakimu ukawa hukumu. Kwa hiyo kama wazee waliamua nani alime, na hakimu akaupitisha, usiudharau kwamba ulikuwa wa chini ya mti. Unafunga. Wakiwa waliamua hatimiliki ni ya nani, hapo walivuka mipaka yao, na majaji wenyewe hawajasema kwa sauti moja: wapo wanaosema uamuzi huo ni bure, wapo wanaosema ulipaswa kukata rufaa wakati ule. Mwenye kesi ya aina hii asikimbilie kufungua mpya bila kumwonyesha wakili faili lote.

Mimi naona wengi wanaofungua kesi ya pili walihitaji rufaa tu, na walichelewa. Kutoka kwa hakimu una siku 30. Kutoka Korti ya Mazingira na Ardhi kwenda Mahakama ya Rufaa, ilani inatolewa ndani ya siku 14. Ukipata ushahidi mpya ambao kweli hungeweza kuupata mwanzo, kuna ombi la marejeo, kwa korti ile ile. Siku hizo zikipita unaweza kuomba uongezewe muda, lakini utaeleza ulikuwa wapi.

Walio na kesi za zamani wabaki baada ya maswali. Nitaangalia hukumu yenyewe na madai ya kwanza yaliyopelekwa kortini. Stakabadhi za mchango sizihitaji. Kama huna nakala, enda masjala ya korti iliyoamua, na namba ya kesi na mwaka, uombe faili.