Hofu ya Mariamu

Ndugu zetu wa Kiranjeranje, akina mama na akina baba!

Leo tuzungumze habari ya mchezo wa picha uitwao Arusi ya Mariamu. Ulitengenezwa hapa nchini mwaka 1985. Walioongoza ni Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill. Wakati ule Tanzania Bara hatukuwa na televisheni. Ilikuja mwaka 1994, ingawa wenzetu wa Unguja waliipata tangu miaka ya 1970.

Mariamu anaumwa. Hospitali wamejaribu, hapati nafuu. Mumewe anataka ampeleke kwa mganga wa kienyeji. Mariamu hataki hata kusikia! Anawaogopa waganga tangu utoto wake. Mwishowe anakwenda, naye anapona.

Basi mmoja atasema, "Mnaona? Hospitali ya nini?" Mwingine atasema, "Huo ni ujinga wa zamani." Sisi tunaona wote wawili wameruka jambo kubwa, nalo ni ile hofu.

Maana hofu tunayo na sisi, ila yetu imegeuka upande. Chukueni degedege. Mtoto ana homa kali, mara macho yanageuka, mwili unakakamaa. Wazee walisema ni shetani, au ndege mbaya. Wakasema tena, mtoto wa degedege akichomwa sindano atakufa. Kwa hiyo mama akakimbilia kwa mganga, akafukiziwa mtoto, siku ikapita. Alipofika hospitali mtoto alikuwa hoi. Akachomwa sindano, akafa. Watu wakasema, si tuliwaambia?

Sindano haikuua. Degedege ya namna hiyo huweza kuwa malaria iliyopanda kichwani, nayo huweza kumwua mtoto kwa siku moja tu. Na kutoka hapa mpaka hospitali ya Kinyonga, kule Kivinje, ni safari, jamani.

Hatusemi waganga wafukuzwe. Muhimbili wanachunguza dawa za miti tangu mwaka 1974, na sheria ya mwaka 2002 inawatambua waganga. Hata mganga wa Mariamu tunampenda. Lakini Mariamu alianza hospitali.

Sasa tunawauliza ninyi, na waganga mliopo hapa msione haya. Mama akibisha hodi usiku, mtoto amekakamaa mgongoni, mnamwambia nini kwanza? Haya, nani aanze?