Ijue Hesabu ya Ruleti

(Mazungumzo ya Afisa Elimu ya Watu Wazima na wahitimu wa kisomo, Ibadakuli, Shinyanga)



Leo sikuja na somo la mbolea wala la choo bora. Nimekuja na ndoo, vizibo vya soda 37 na kopo la maharage. Msicheke. Kabla hatujaondoka hapa mtaona kazi yake.

Siku chache zilizopita mama mmoja alinisubiri nje ya darasa mpaka wenzake walipoondoka. Amenipa ruhusa niseme habari yake bila kumtaja jina. Kijana wake yuko Geita, ni mchimbaji mdogo wa dhahabu. Baada ya kuuza pamba, mama alimtumia shilingi 300,000 amnunulie mabati. Mabati hayakuja. Kijana alizimaliza pesa zote kwa kucheza ruleti kwenye simu ya kupapasa. Sasa anaomba shilingi 100,000 nyingine. Anasema safari hii mchezo ameshaujua, atarudisha zote.

Nilimwambia, "Mama, mwambie kamari ni mbaya, aache." Akanijibu, "Mwalimu, hayo nimemwambia mpaka nimechoka. Ananiambia mimi sijui kitu. Wewe ulinifundisha kujumlisha na kutoa. Basi nifundishe hesabu ya mchezo wenyewe, nami nimjibu kwa hesabu."

Ndugu zangu, niliona aibu. Mama alisema kweli. Tunawakataza vijana kitu ambacho sisi wenyewe hatukijui. Kwa hiyo leo tujifunze.

Ruleti ni nini?

Ruleti ni mchezo wa kubahatisha uliotoka Ufaransa. Jina lake kwa Kifaransa maana yake ni gurudumu dogo. Gurudumu hilo limelazwa juu ya meza, nalo lina vishimo 37. Kila kishimo kina namba, kuanzia 0 mpaka 36. Namba 18 ni nyekundu na namba 18 ni nyeusi. Sifuri peke yake ni ya kijani. Gurudumu linazungushwa, kigololi kinarushwa ndani, kinazunguka, kinachoka, kinaingia katika kishimo kimoja. Namba ya kishimo hicho ndiyo iliyoshinda.

Wewe mchezaji unaweka dau kabla gololi haijatulia. Ukiweka dau kwenye namba moja na namba hiyo ikatoka, unalipwa mara 35 ya dau lako, na dau lako unarudishiwa. Ukiweka kwenye rangi, nyekundu au nyeusi, ukapatia, unalipwa sawa na dau lako. Usipopatia, dau limekwenda.

Sasa tucheze. Hatuchezi kwa pesa. Harage moja ni sawa na shilingi 1,000. Vizibo hivi 37 nimeviandika namba ndani, 0 mpaka 36. Ndoo ndiyo gurudumu letu. Mimi ndiye mwenye meza.

Mzee wangu, wewe uliyekaa karibu na mlango, njoo hapa mbele. Utaweka namba gani? Anasema ataweka kwenye namba zote asikose! Vizuri sana. Mzee ana akili. Chukua maharage 37, weka moja kwenye kila namba. Mama, wewe fumba macho, uchanganye vizibo, utoe kimoja. Soma kwa sauti. Kumi na nne.

Mzee amepatia! Tumpigie makofi. Sasa nakulipa maharage 35, na lile lako lililokuwa kwenye 14 nakurudishia. Haya mengine yaliyokosa nayachukua mimi. Hesabu, Mzee, una mangapi?

Mmesikia? Anasema 36. Hesabu tena. Bado ni 36. Anasema nimempunja harage moja.

Sijakupunja, Mzee. Nimekulipa kama sheria ya mchezo inavyosema. Lakini umeingia na 37, umetoka na 36, na umeshinda! Hilo harage moja ndilo kodi ya mwenye meza. Namba ziko 37, lakini unalipwa kana kwamba ziko 36. Siri yote ya ruleti ni hiyo. Mwenye meza hana haja ya kuiba. Hana haja ya uchawi. Anangoja tu harage lake.

Wapo watakaosema, "Mimi naweka kwenye rangi, huko ni nusu kwa nusu." Si nusu kwa nusu. Ukiweka nyekundu, vishimo 18 ni vyako. Vya mwenye meza ni 19, maana nyeusi ni 18 na sifuri ni moja. Ukicheza mara 37 kwa shilingi 1,000, kwa wastani utapata mara 18 na utakosa mara 19. Toa 18 katika 19. Inabaki moja. Ni lile lile harage la Mzee.

Yako pia magurudumu ya namna ya Marekani. Hayo yana sifuri mbili, vishimo 38, na malipo ni yale yale. Hapo mwenye meza anachukua maharage mawili katika kila 38.

Kidogo kidogo

Najua mtu atasema, "Mwalimu, harage moja katika 37 ni kidogo." Ni kweli. Ni kama shilingi 27 katika kila shilingi 1,000. Lakini tulifundishwa kwamba haba na haba hujaza kibaba. Nami naongeza: haba na haba hukimaliza pia.

Mchezaji haweki pesa yake mara moja akaenda nyumbani. Anairudisha mezani tena na tena. Tuseme anaweka shilingi 1,000 kila mara. Akicheza mara 370, amepitisha mezani shilingi 370,000, na kwa wastani amepoteza 10,000. Kwenye simu namba huchaguliwa na kompyuta. Hakuna wa kungojwa. Mara 370 ni kazi ya jioni moja tu.

Sisemi kwamba hakuna anayeshinda. Wapo. Leo fulani atapata, na habari zake zitafika mpaka mnadani. Waliokosa hawapigi ngoma. Wastani maana yake ni kwamba kadiri unavyocheza mara nyingi, ndivyo hesabu inavyokufikia.

Gurudumu halikumbuki

Sasa tufike kwenye neno la yule kijana: "Mchezo nimeshaujua."

Ninyi mnacheza bao, isolo yetu. Mwenye kucheza sana anakuwa fundi. Anajua kupanga kete, anajua kumtega mwenzake. Katika bao kujifunza kunasaidia. Je, hii ndoo ina la kujifunza? Kizibo cha 14 kimetoka, nimekirudisha ndani, nimechanganya. Ndoo haijui kwamba 14 imeshatoka. Inaweza kutoka tena sasa hivi.

Mwaka 1913 katika kasino ya Monte Carlo, huko Monaco, gololi iliangukia rangi nyeusi mara 26 mfululizo. Watu walijazana mezani wakiweka pesa nyingi kwenye nyekundu. Walisema zamu ya nyekundu imefika, lazima itoke. Haikutoka, wakapoteza mali nyingi. Gurudumu halina zamu kama foleni ya kisimani.

Wengine wana ujanja wa kuongeza dau mara mbili kila wakikosa. Chukueni madaftari, tuandike. 1,000. Umekosa, weka 2,000. Umekosa, 4,000. Halafu 8,000, halafu 16,000, halafu 32,000, halafu 64,000. Jumlisheni. Ni shilingi 127,000 baada ya kukosa mara saba tu. Ili uendelee unahitaji 128,000 nyingine. Na ukishinda hapo, faida yako yote ni shilingi 1,000! Yule mama anaombwa 100,000. Kwa ujanja huu hata mara ya saba hazifiki.

Na duara je?

Kijana wa Geita atatujibu, "Hata duara ni bahati. Unachimba miezi, unakuta mawe matupu." Jibu hilo lina uzito, tusilidharau. Lakini mwamba haukupangwa na mtu ili ukushinde. Mchimbaji anaweza kuwauliza wazoefu, anaweza kuufuata mkanda wa mawe, anaweza kujifunza. Tena akipata, dhahabu imetoka ardhini, mali imeongezeka. Gurudumu halitoi dhahabu wala pamba. Linahamisha pesa kutoka mfuko huu kwenda mfuko ule, na mwenye meza anakata lake njiani.

Zipo pia mashine za kutumbukiza sarafu, wengi wanaziita dubwi. Hizo ni mbaya zaidi kwa mwenye kuhesabu, maana kwenye ruleti vishimo unaviona. Katika mashine hesabu imefichwa ndani ya bati.

Serikali inaruhusu michezo hii kwa leseni. Tangu mwaka 2003 tunayo sheria iliyoanzisha Bodi ya Michezo ya Kubahatisha Tanzania. Sheria inakataza mtu wa chini ya miaka 18 kucheza. Mkiona watoto wa shule wamezunguka mashine, toeni taarifa kwa mwenyekiti wa mtaa au kijiji. Lakini leseni haibadilishi hesabu. Mchezo wa halali nao unachukua harage lake.

Namalizia. Tuliambiwa mali bila daftari hupotea bila habari. Anayecheza, na aandike kila shilingi iliyotoka na kila shilingi iliyoingia. Aandike kwa mwezi mmoja, bila kujidanganya, halafu ajumlishe mwenyewe. Na pesa ya mabati, ya ada, ya mbegu, hiyo isifike mezani kabisa.

Ndoo hii nitaiacha hapo nje karibu na mlango, na vizibo vyake vyote 37. Sitaangalia nani anavichukua. Wenye watoto Geita hapa ni wengi. Mwenye kuvihitaji avifunge kwenye khanga, aende navyo. Akifika asianze kwa kumgombeza mtoto. Ampe maharage 37, amwambie aweke kwenye namba zote. Halafu amwambie ahesabu.

 

MASWALI YA KUJADILI KATIKA KIKUNDI

1. Kwa nini Mzee alipoteza harage moja ingawa namba yake ilitoka?
2. Gurudumu lenye sifuri mbili lina vishimo 38. Ukiweka shilingi 1,000 kwenye kila namba, utabaki na shilingi ngapi?
3. Bao na ruleti vinatofautiana vipi?
4. Kama wewe ndiye yule mama, ungetuma zile shilingi 100,000? Eleza sababu zako.