Mbaruk wa Gazi, bwana mdogo kati ya dola kubwa

Msikilizaji, katika Eneo la Viwanda la mjini Doha, nchini Qatar, mitaa haina majina bali ina nambari. Wanaofanya kazi huko huliita eneo hilo Sanaiya. Baina ya karakana, maghala na mabweni wanaishi maelfu ya watu kutoka Asia na Afrika, wakiwamo Wakenya, Waganda na Watanzania, wengine walinzi, wengine madereva au mafundi. Mwezi Machi mwaka 2020 sehemu ya eneo hilo ilifungwa kwa sababu ya korona, na waliokuwa ndani hawakuruhusiwa kutoka. Mtu wa Kwale au Kilifi akisimama mahali hapo na kuelekea mashariki, mbele yake iko Ghuba, na ng'ambo ya Ghuba uko mji wa Bandar Abbas. Mji huo una kisa chake na pwani ya Afrika Mashariki.

Huko ndiko walikopelekwa wakuu wa ukoo wa Mazrui mwaka 1837, wasirudi tena. Ukoo huo, wenye asili ya Oman, ulikuwa umeitawala Mombasa kwa takribani karne nzima. Mwaka 1824 ulijaribu hata kujificha chini ya bendera ya Uingereza, lakini miaka miwili baadaye Waingereza wakaondoka. Sayyid Said alipouteka mji hatimaye, viongozi wa Mazrui walikamatwa na kupelekwa uhamishoni. Miongoni mwao alikuwa Rashid bin Salim, liwali wa mwisho wa ukoo huo. Waliosalia waligawanyika: wengine walikwenda Takaungu, upande wa kaskazini, na wengine Gazi, upande wa kusini. Mbaruk, mwana wa Rashid, akawa bwana wa Gazi.

Ujerumani ya zama za kati ilijaa mabwana wa namna hii. Kila mmoja alikuwa na ngome yake kilimani, leo akimtumikia askofu, kesho mfalme, na mara nyingi jina lake husomeka tu katika hati za watu wengine, ama akiwa shahidi ama akiwa mwasi. Mbaruk naye anajulikana zaidi kwa maandishi ya waliompiga vita. Ngome yake ilikuwa Mwele, kilima chenye msitu katika bara ya Kwale. Kila alipogombana na Zanzibar alipanda huko, na kila walipopatana aliteremka. Mwaka 1882 majeshi ya Sultani Barghash, yakiongozwa na Mwingereza Lloyd Mathews, yaliizingira Mwele na kuitwaa. Mbaruk alisalimika, na baada ya muda akawa tena bwana wa Gazi.

Isidhaniwe kwamba alikuwa mpigania uhuru wa watu wote. Mashamba ya Mazrui yalilimwa na watumwa, na vijiji vya Wadigo na Waduruma viliyajua mashambulizi yake. Hata hivyo, katika jeshi lake walikuwamo pia watoro waliowakimbia mabwana wengine.

Kampuni ya Kiingereza ya Afrika Mashariki ilipopata hati yake mwaka 1888, ilimwona Mbaruk kuwa mtu wa kulipwa badala ya kupigwa. Utulivu huo ulivunjwa na msiba. Mwaka 1895 mkuu wa Takaungu, Salim bin Khamis, alifariki dunia. Kampuni ikampendelea mwanawe, Rashid, ikampita jamaa yake aliyemzidi umri. Kwa wageni lilikuwa jambo dogo la utawala. Kwa Mazrui lilikuwa tusi, maana urithi wa ukoo ulikuwa unaamuliwa na makarani. Waliokataa walipigwa, na baadhi yao wakakimbilia kwa Mbaruk.

Hapo mzee huyo alikuwa na njia mbili. Angeweza kuwatoa wageni wake na kuendelea kupokea mshahara. Hakuwatoa. Tarehe 1 Julai mwaka huo serikali ya Uingereza ilichukua nchi kutoka kwa kampuni, na mwezi Agosti Admirali Rawson akaishambulia Mwele na kuiteka. Vita vilienea pwani nzima, hata askari wakaletwa kutoka India. Mwezi Aprili 1896 Mbaruk alivuka mpaka akiwa na wafuasi wapatao elfu moja na zaidi, akaweka silaha chini mbele ya Gavana wa Kijerumani, Hermann von Wissmann. Wajerumani walimpa makazi karibu na Dar es Salaam.

Miezi michache baadaye, tarehe 27 Agosti, Rawson huyo huyo aliipiga mizinga kasri ya Zanzibar. Khalid bin Barghash, aliyekuwa amejitangaza Sultani, alikimbilia ubalozi wa Ujerumani, naye akapelekwa Dar es Salaam. Hivyo mji mmoja ukawahifadhi wakimbizi wawili: mjukuu wa Sayyid Said, na mwana wa mtu ambaye Sayyid Said alimpeleka Bandar Abbas.

Mbaruk alifariki dunia mwaka 1910, akiwa bado katika ardhi ya Wajerumani. Khalid alikamatwa na Waingereza mwaka 1916, akahamishiwa visiwa vya mbali, kisha akaruhusiwa kurejea Afrika Mashariki. Alifia Mombasa mwaka 1927.