Kitambulisho ni Haki, si Hisani



Baada ya Vita Vikuu vya Kwanza, mkoloni alimlazimisha mwanamume Mwafrika kuning'iniza kipande shingoni. Leo kijana atimizaye miaka 18 hukiomba mwenyewe, na wengine hungoja hata uchaguzi ukawapita.

Sisi mawakili twaulizwa: mahakama itafaa nini? Kifungu cha 12 cha Katiba ya 2010 kinampa kila raia haki ya stakabadhi za utambulisho. Kifungu cha 47 kinaitaka serikali itende upesi na kwa haki. Nayo sheria ya mwaka 2015 juu ya utendaji wa kiutawala inamruhusu jaji kuchunguza ucheleweshaji usio na sababu.

Basi tufuate utaratibu. Tuhifadhi karatasi tuliyopewa tulipochukuliwa alama za vidole. Tumwandikie msajili, tutaje tarehe, tudai sababu kwa maandishi, na nakala yetu ipigwe muhuri. Tulalamike kwanza kwa wakubwa wake, kwa kuwa jaji atatuuliza. Wasipotenda, twende Mahakama Kuu ya Makueni. Kifungu cha 22 kinakataza ada ya kufungua kesi ya kutetea haki hizi.

Jaji hampi uraia asiye raia; humwamuru msajili aamue. Amri hiyo yatosha kufungua faili iliyolala.

Wazee wa kanisa, wasaidieni vijana kuandika barua hizo. Haki isiyodaiwa huozea kabatini, na asiye na kitambulisho hapigi kura.